Kisicholiwa ni cha Nani?

Katika gharama tatu kubwa za safari ya mapumziko, chakula ndicho kigumu zaidi kukadiria. Nauli inajulikana siku ya kukata tiketi, na chumba kina bei yake kwa usiku. Chakula hakina bei mpaka mtu aketi, asome orodha na kuagiza, na anayeagiza ni mtu mwenye njaa, mara nyingi akiwa na watoto waliochoka, mahali ambapo hakuna duka jingine la kukimbilia. Uamuzi huo unarudi mara tatu kwa siku. Ndiyo maana tangu karne ya 19 wauza likizo wamekuwa wakitoa ahadi ileile kwa sura tofauti: lipa sasa, ukifika usiwaze tena habari ya kula. Ahadi hiyo ina historia, na historia yake inafaa kusomwa kwa swali ambalo matangazo hayaligusi: mlo uliolipiwa usipoliwa, fedha yake inabaki kwa nani? Hoja yangu ni kwamba malipo ya kabla yalianza kama kinga ya msafiri wa kipato cha kawaida dhidi ya bei asizozijua, kisha hatua kwa hatua yakawa mpango ambamo msafiri huyohuyo hubeba hasara ya kila asichokula. Mgeuko huo ulikuja pale fedha ilipobadilishwa jina na kuwa herufi, shanga, na mwishowe pointi.

Thomas Cook, seremala na mhubiri wa Kibaptisti aliyechukia ulevi, alianza biashara yake tarehe 5 Julai 1841 kwa kupeleka mamia ya watu kwa treni kutoka Leicester hadi Loughborough, kila mmoja kwa shilingi moja. Miaka ya 1860 alikuwa akiwavusha Waingereza hadi Uswisi na Italia. Wateja wake wengi walikuwa makarani, walimu, wachungaji na wanawake waliosafiri bila mume wala kaka, watu ambao hawakuwahi kuzungumza na mwenye hoteli wa Kifaransa, sembuse kubishana naye juu ya hesabu ya chakula. Tabaka la juu liliwachukia. Mwaka 1865 mwandishi Charles Lever, aliyekuwa naibu konseli wa Uingereza huko La Spezia, aliwadhihaki gazetini kama kundi la mifugo linaloswagwa kutoka mji hadi mji. Cook aliwajibu kwa kuwapa wateja wake silaha. Mwaka 1868 alianzisha kuponi za hoteli: mteja alizinunua Uingereza kwa fedha ya kwao, akazitoa mezani Geneva au Paris, na mwenye hoteli aliyekuwa na mkataba na Cook akampa kitanda au mlo kwa kiwango kilichokubaliwa. Msafiri aliondoka nyumbani akijua bajeti yake nzima. Kuponi ambazo hazikutumika alizirudisha ofisini, akalipwa fedha yake baada ya kukatwa sehemu ndogo. Jambo hilo linapita haraka katika vitabu vya historia ya utalii, nami naona ndilo kiini cha mpango wote. Kuponi ile ilikuwa fedha iliyokopeshwa jina la mlo kwa muda tu. Mlo usipoliwa, ilirudi kuwa fedha mikononi mwa aliyeitoa.

Hatua ya pili inahitaji kutazamwa kwa karibu zaidi, kwa sababu hapo ndipo chakula cha kulipia kabla kilipokutana na biashara ya michezo na bembea. Kabla ya miaka ya 1930 mfanyakazi wa kiwanda wa Uingereza aliyekwenda pwani, tuseme Blackpool, alilala kwa mama mwenye nyumba ya wageni. Katika nyumba nyingi familia ilinunua nyama na viazi vyake yenyewe, mwenye nyumba akawapikia kila familia chungu chao, kisha mwisho wa wiki akaandika hesabu ya mapishi, ya maji ya moto, na hata ya kutumia chumvi na pilipili zilizokuwa mezani. Wapo wenye nyumba waliowataka wageni watoke asubuhi na wasirudi hadi jioni, mvua inyeshe isinyeshe. Billy Butlin, mzaliwa wa Cape Town aliyekulia Uingereza na Kanada, aliwaona wageni wa namna hiyo wakizurura kwenye mvua huko Barry Island, Wales. Alikuwa mtu wa maonyesho na bembea. Ndiye aliyeleta Uingereza vigari vya kugongana mwaka 1928. Aprili 1936 alifungua kambi ya likizo Skegness, pwani ya Lincolnshire. Bei ilikuwa kati ya shilingi 35 na pauni 3 kwa wiki kulingana na msimu, na ndani yake kulikuwa na kibanda cha kulala, milo mitatu kwa siku na burudani. Alitangaza kwamba likizo ya wiki moja ingegharimu mshahara wa wiki moja. Miaka miwili baadaye, Sheria ya Likizo yenye Malipo ya 1938 ikafungua njia kwa mamilioni ya wafanyakazi kupata likizo bila kukosa mshahara, na Butlin alikuwa tayari na kambi ya pili huko Clacton.

Ukitazama ukumbi wa chakula wa Skegness unaelewa hesabu yake. Mamia waliketi pamoja kwa saa iliyopangwa, wakaitwa kwa vipaza sauti, wakaletewa mlo uleule kwenye meza ndefu. Hapakuwa na orodha ya kuchagua, kwa hiyo hapakuwa na mlo wa bei kubwa wala mlo wa bei ndogo. Asiyekula alipoteza sahani moja ambayo thamani yake ilikuwa ileile kwa kila mtu, na upotevu huo ulikuwa tayari umeshaingizwa katika bei ya wote. Butlin alipata faida kwenye baa na maduka yake, jambo ambalo halikufichwa. Bia haikuwemo kwenye mpango na kila mtu alilijua hilo. Mtu anaweza kulalamika kwamba wageni waliishi kama askari kambini, na wengi walilalamika hivyo. Lakini kwa mama wa familia aliyezoea kubana senti za wiki nzima, kukaa siku saba bila kupika, bila kuosha vyombo na bila kutozwa chumvi lilikuwa jambo jipya kabisa maishani. Pia mama huyo hakuwa na kitu cha kuhesabu. Bajeti yake ilikwisha kabla hajafunga sanduku.

Mwaka 1950 Mbelgiji Gérard Blitz alianzisha Club Méditerranée kwa mahema huko Alcúdia, Mallorca, akaweka chakula na divai ya mezani ndani ya bei. Kinywaji cha baa kililipiwa kwa shanga za shingoni: mgeni alichomoa shanga badala ya kutoa pesa. Hapo fedha ilivaa sura nyingine kwa makusudi, ili isionekane. Wakazi wa Diani, Watamu na Kiwengwa wanaujua mpango huo katika umbo lake la leo, la mgeni aliyefungwa bangili ya plastiki mkononi ambaye amelipia kila kitu Milano au London. Kwa mwenye kibanda cha pweza nje ya ukuta wa hoteli, bangili ile ni habari mbaya, maana mgeni mwenye njaa ana sababu ya kurudi ndani. Upande huo wa suala unastahili makala yake peke yake.

Sasa tuje kwenye bustani za burudani zenyewe, ambazo mojawapo, huko California, ilianza na chakula. Juni 1934, katikati ya mdororo mkuu wa uchumi, Cordelia Knott aliwauzia wapita njia milo minane ya kuku wa kukaanga kwenye shamba la mumewe huko Buena Park, kila mlo senti 65, akiwapakulia kwenye sahani zake za harusi. Kuku yule alipendwa mno. Foleni zilipokuwa za saa nyingi, mumewe Walter alianza mwaka 1940 kujenga mji wa kale wa maonyesho ili wanaosubiri meza wapate cha kutazama. Bustani ya Knott ilizaliwa hivyo, na haikuwekewa uzio na kiingilio mpaka mwaka 1968. Mgeni alilipa alichokula, baada ya kukila.

Disneyland ilipofunguliwa Anaheim tarehe 17 Julai 1955, kiingilio cha mtu mzima kilikuwa dola 1 na kila mchezo ulikuwa na tiketi yake. Wageni walilalamika kwamba mikono yao ilikuwa mfukoni siku nzima. Oktoba mwaka huohuo yakaletwa madaftari ya tiketi: kwa dola 2.50 mtu mzima alipata kiingilio na michezo minane. Tiketi ziligawanywa kwa herufi, kwanza A, B na C, kisha D, na mwaka 1959 ikaja E kwa ajili ya michezo mikubwa iliyofunguliwa mwaka huo. Mnunuzi hakuchagua mchanganyiko. Daftari lilikuja na E chache zilizokwisha kabla ya adhuhuri, pamoja na A zilizofaa farasi wa kuzunguka na magari ya barabara kuu. Matokeo yake, droo za nyumba nyingi za Marekani zilijaa tiketi za A na B ambazo watu waliziweka wakitumaini kurudi nazo siku moja. Huo ulikuwa mkopo ambao wateja waliipa kampuni bila riba, na waliutoa bila kujua, kwa sababu herufi haisomeki kama senti. Mpango wa daftari ulifutwa mwaka 1982, kikaletwa kiingilio kimoja kinachofungua kila mchezo. Michezo ikawa kama meza ya Butlin, ambapo hakuna cha kuhesabu. Hesabu ilihamia kwenye chakula.

Mwaka 2005 Walt Disney World ya Florida, iliyofunguliwa Oktoba 1971, ilianza kuuza mpango wa chakula wa kulipia kabla kwa wageni wanaolala katika hoteli zake. Mwanzoni ulikuwa mkarimu: mlo wa mezani ulikuwa na chakula cha kuanzia, chakula kikuu, kitindamlo na bakshishi ya mhudumu. Mwaka 2008 chakula cha kuanzia na bakshishi viliondolewa. Mwaka 2020 mpango ulisimamishwa pamoja na kila kitu wakati wa janga la korona, ukarejea tarehe 9 Januari 2024. Bei za mwaka huo zilikuwa dola 94.28 kwa usiku kwa mtu mzima na dola 29.69 kwa mtoto wa miaka 3 hadi 9. Mtoto wa miaka 10 anahesabiwa mtu mzima. Kwa kila usiku mtu anapata pointi moja ya mlo wa mezani, moja ya mlo wa kaunta na moja ya kitafunwa. Migahawa ya hadhi ya juu hutoza pointi mbili za meza kwa mlo mmoja, na wote wanaolala chumba kimoja lazima wachukue mpango uleule. Pointi iliyobaki hufa saa sita usiku, siku ya kuondoka.

Chukua familia ya watu wanne, wazazi wawili, mtoto wa miaka 12 na mwingine wa miaka 7, wanaolala usiku tano na kushinda siku sita. Kwa bei za 2024 wanalipa dola 312.53 kwa usiku, yaani dola 1,562.65. Wengi husikia neno mpango wa chakula wakaamini kwamba chakula cha safari kimekwisha kulipwa. Lakini watu wanne kwa siku sita, kwa milo mitatu, ni milo 72. Mpango unawapa milo 40 na vitafunwa 20. Hata wakigeuza kila kitafunwa kuwa kifungua kinywa, bado milo 12 haina mlipaji. Ongeza bakshishi: tukikadiria kwamba hesabu ya meza moja kwa familia hiyo ni dola 200, asilimia 18 yake ni dola 36 kila jioni, na kwa jioni tano ni dola 180 za mfukoni. Kosa la kawaida la bajeti liko hapo. Malipo yanahesabiwa kwa usiku, tumbo linahesabu kwa siku, na tofauti kati ya viwili hivyo haikuandikwa popote kwenye karatasi ya familia.

Kuna anayeweza kupinga kwa kusema kwamba Cook na Butlin hawakuwa wafadhili. Ni kweli. Cook alipata kamisheni kwa wenye hoteli, na Butlin alikufa tajiri. Lakini swali langu halihusu nia zao. Linahusu namna biashara ilivyopangwa: kwa Cook, faida ilitokana na kuponi zilizotumika, kwa hiyo alikuwa na kila sababu ya kuona mteja anakula. Pointi inayokufa inampa muuzaji faida pia kwa mlo ambao hakuupika. Mwingine atasema kwamba haiwezekani biashara ya leo kurudisha fedha za kilichobaki. Msomaji wa Afrika Mashariki ana ushahidi wa kujibu hilo kwenye simu yake. Kwa miaka mingi bando la intaneti lilikufa saa sita usiku likiwa na salio ndani, na tuliambiwa ndivyo mambo yalivyo. Oktoba 2019 Safaricom ya Kenya ilianza kuuza vifurushi visivyo na mwisho wa muda, na kampuni haikufilisika. Mfumo unaoweza kurekodi pointi ya aiskrimu dakika inapotumika unaweza pia kukokotoa zilizobaki, jambo ambalo makarani wa Cook walilifanya kwa kalamu.

Pingamizi zito zaidi ni lile la utulivu wa moyo. Mzazi aliyekwisha kulipa hahitaji kumwambia mtoto hapana mbele ya kila kioo cha keki, na hilo lina thamani hata kama halionekani kwenye hesabu. Naikubali hoja hii, na utafiti unaiunga mkono. Mwaka 1998 Drazen Prelec na George Loewenstein walichapisha kazi ambayo ndani yake watu waliulizwa jinsi ambavyo wangependa kulipa dola 1,200 kwa awamu sita: kabla au baada. Kwa mashine ya kufulia wengi walitaka kulipa baada ya kuipata. Kwa likizo ya wiki moja visiwa vya Caribbean wengi walitaka kulipa kabla ya kwenda, kwa sababu raha iliyokwisha kulipwa huonekana kama ya bure. Ila kuna utafiti mwingine wa kuuweka kando ya huo. Mwaka 1985 Hal Arkes na Catherine Blumer walionyesha kwamba wanunuzi wa tiketi za msimu mzima katika ukumbi wa maigizo wa Chuo Kikuu cha Ohio waliolipa bei kamili walihudhuria maonyesho mengi zaidi, katika nusu ya kwanza ya msimu, kuliko waliopewa punguzo bila kutarajia. Fedha iliyokwisha kutoka iliendelea kuwasukuma. Mlo uliolipiwa hufanya hivyohivyo: familia inaacha mchezo ambao watoto wanaupenda ili iwahi meza ya saa kumi na moja, au inakula kitindamlo ambacho hakuna anayekitaka, ili pointi isipotee. Utulivu ulionunuliwa unakuwa kazi ya kutunza salio. Mgeni wa Butlin hakuwa na kazi hiyo, wala yule wa Cook, maana mmoja hakuwa na cha kuhesabu na mwingine alijua kwamba kilichobaki ni chake.

Kwa hiyo anayepanga safari ya Florida, na wapo wazungumzaji wengi wa Kiswahili wanaoishi Marekani na Kanada ambao watoto wao wameanza kuidai, aanze na bajeti ya dola kabla ya kutazama mpango wowote. Aandike kila siku na kila mlo: kifungua kinywa cha mkate, mayai na matunda kutoka dukani, ambacho ni halali kuingia nacho bustanini, mlo wa kaunta mchana, usiku gani watakaa mezani na usiku gani hawatakaa. Maji ya kunywa asiyaandike, kwa kuwa kaunta za chakula hutoa kikombe cha maji ya baridi bure kwa anayeomba. Baada ya hapo ndipo alinganishe. Mpango unashinda kwa familia za aina fulani, na ni haki kulisema hilo. Wazazi wawili wenye watoto wa miaka 5 na 8 walilipa mwaka 2024 dola 247.94 kwa usiku, jumla dola 1,239.70 kwa usiku tano. Tukadirie kwamba kila jioni wanakula kwenye ukumbi ambao Mickey na wenzake hupita mezani, dola 65 kwa mkubwa na 40 kwa mtoto, mchana wanatumia dola 60 kwenye kaunta, na vitafunwa vinne vya dola 7. Kwa fedha taslimu ingekuwa dola 1,490, kwa hiyo mpango unawaokolea dola 250.30 kabla ya bakshishi, ambayo wangelipa kwa njia zote mbili. Jioni moja ya mezani ina thamani ya dola 210. Mvua ya Florida ikiwanyima jioni moja, bado wako mbele kwa dola 40.30. Mtoto akipata homa na jioni ya pili ikapita, wamekwisha kulipa dola 169.70 za chakula ambacho hawakukionja.